Siku ya Lughnasa Huko Ireland: Neno la Wazee na Dhana ya Mwandishi

Vitabu vihusuvyo mila za watu wa Ulaya ni vingi, lakini vichache mno vyastahili kusomwa na mwalimu mwenye kalamu mkononi. Kimoja katika hivyo vichache ni kitabu cha Bibi Máire MacNeill kiitwacho The Festival of Lughnasa, yaani Sikukuu ya Lughnasa, kilichotolewa na Oxford University Press mwaka 1962. Ni kitabu kikubwa chenye kurasa karibu 700, na habari zake zote ni za siku moja tu ya mwaka, siku ambayo watu wengi wa Ireland wenyewe wamekwisha kuisahau. Hapa twataka kueleza jinsi siku hiyo ilivyokuwa, kisha tukipime kitabu chenyewe kwa mizani ya haki. Maana twaona kwamba ndani yake mna vitu viwili vilivyolazwa kitanda kimoja: neno la wazee walioiona siku ile kwa macho yao, na dhana ya mwandishi aliyetaka kuijua asili yake. Neno la wazee ni la kutunzwa, na dhana ni ya kupimwa. Msomaji asiyevitenga viwili hivyo atapotea, ijapokuwa mwandishi hakukusudia kumpoteza.

Tuanze na siku yenyewe. Watu wa Ireland wa zamani waliugawa mwaka katika robo nne, na kila robo ilikuwa na siku yake ya kufungulia: Samhain tarehe 1 Novemba, Imbolc tarehe 1 Februari, Bealtaine tarehe 1 Mei, na Lughnasa tarehe 1 Agosti. Hata leo katika Kiairishi mwezi wa Agosti huitwa Lúnasa. Jina hilo latokana na Lugh, ambaye katika hadithi za kale ni mungu na shujaa mwenye ustadi wa kila kazi. Vitabu vilivyoandikwa na watawa zamani vyasema kwamba Lugh aliweka michezo na makutano mahali paitwapo Tailtiu, katika wilaya ya Meath, kwa kumkumbuka mama yake wa kumlea, aliyekufa kwa uchovu baada ya kufyeka msitu ili nchi ipate kulimwa. Hivyo ndivyo wasemavyo wenye vitabu. Lakini wakulima wa karne ya 19 na ya 20 walikuwa na majina mengine ya siku hiyo, na sababu nyingine za kuitunza, nazo ndizo zipasazo kutazamwa kwanza.

Kwa mkulima jambo kubwa lilikuwa njaa. Viazi vya mwaka uliopita viliisha au vilioza wakati wa kiangazi, na vipya vilikuwa havijakomaa. Basi mwezi wa Julai ulikuwa mgumu kuliko miezi yote, na mahali pengine uliitwa Julai wa kabichi, kwa kuwa maskini hawakuwa na cha kutia chunguni ila majani. Kuchimba viazi kabla ya siku yake kulihesabiwa kuwa aibu: mwenye nyumba aliyefanya hivyo alisemwa kuwa mkulima mbaya, asiyejua kupima akiba yake. Hata ilipofika Jumapili ya mwisho ya Julai, au ile ya kwanza ya Agosti, ndipo viazi vilipochimbwa kwa halali. Vilipikwa, vikapondwa kwa siagi, na nyumba nzima ikala ikashiba. Siku hiyo haikuwa ya anasa. Ilikuwa mpaka kati ya njaa na shibe, na aliyepata kulala na njaa hahitaji kuambiwa kwa nini ilipendwa.

Siku hiyo hiyo watu, na zaidi vijana, walipanda vilimani. Huko juu huota vichaka vifupi vizaavyo matunda madogo meusi, yenye kuelekea rangi ya samawati, makubwa kama punje ya mbaazi, nayo kwa Kiairishi huitwa fraochán. Matunda hayo hayakupandwa na mtu, wala hayakuwa mali ya mwenye shamba, kwa hiyo kila mtu alikuwa na haki nayo. Vijana waliyachuma wakala, wakaimba, wakacheza, wakashindana kwa mbio na kwa nguvu, na wengi wakapata wachumba huko huko. Wazee walisema kwamba matunda ya mlimani yakizaa sana, na mavuno ya bondeni yatakuwa mema. Katika wilaya ya Donegal imesimuliwa kwamba wavulana waliyatunga matunda hayo katika uzi, wakawafanyia wasichana vikuku; na wasichana walivivaa maadamu wako juu ya kilima, lakini kabla ya kurudi nyumbani walivivua wakaviacha huko huko. Tunamwomba msomaji akitunze kikuku hiki katika kumbukumbu yake, maana tutamrudia msichana wake baadaye.

Majina ya siku hiyo yalikuwa mengi. Hapa iliitwa Jumapili ya Crom Dubh, pale Jumapili ya Mashada, kwingine Jumapili ya Fraochán, na kwingine Jumapili ya Mlima. Tena tarehe zilihitilafiana. Kalenda ilipobadilishwa mwaka 1752, siku kumi na moja ziliondolewa katika hesabu; basi palikuwa na waliofuata hesabu mpya, na palikuwa na walioshika ile ya kale, na makutano yakatawanyika tangu mwisho wa Julai hata katikati ya Agosti. Matokeo yake ni kwamba mtu wa bonde moja hakujua kuwa jirani wa bonde la pili anaitunza siku ile ile kwa jina jingine. Kuyakusanya majina hayo yote, na kuonyesha kwamba yanahusu siku moja, ni kazi ya kwanza ya Bibi MacNeill. Kazi hiyo ameifanya kwa namna isiyoacha shaka, naye amehesabu mahali karibu mia mbili palipokuwa na makutano hayo.

Kanisa nalo lilikuwa na sehemu yake. Katika wilaya ya Mayo uko mlima wa Croagh Patrick, wenye urefu wa mita 764, ambako yasemwa Mtakatifu Patrick alifunga siku arobaini. Hata sasa, Jumapili ya mwisho ya Julai, maelfu ya waumini huupanda kwa hija, na baadhi yao hupanda miguu mitupu juu ya mawe makali. Katika wilaya ya Kerry uko mlima wa Brandon, wa Mtakatifu Brendan, na chini yake kijiji cha Cloghane, ambako makutano yalifanyika kwa siku hizo hizo. Katika magofu ya kanisa la kijiji hicho palikuwa na kichwa cha jiwe ambacho watu walikiita Crom Dubh, nacho kiliibwa mwaka 1993. Huyu Crom Dubh katika hadithi ni mpagani mkubwa aliyeshindwa na mtakatifu. Baadhi ya hadithi zasema alikuwa na fahali mkali, akampeleka amwue mtakatifu; lakini fahali akawa mpole, akachinjwa akaliwa, kisha akarudishiwa uhai kutoka katika ngozi na mifupa yake. Mwishoni Crom Dubh mwenyewe akaamini.

Sasa tuangalie jinsi habari hizi zilivyopatikana, kwa kuwa jambo hili lawahusu walimu kuliko watu wengine wote. Mwaka 1935 serikali ya Ireland iliunda Tume ya Masimulizi, chini ya uongozi wa James Hamilton Delargy, ili kuandika mila na hadithi kabla wenye kuzijua hawajafa. Tangu mwaka 1937 hata 1939 watoto wapatao 50,000 wa shule za msingi zipatazo 5,000 walitumwa na walimu wao kwenda kwa babu, bibi na majirani, wakauliza, wakaandika katika madaftari yao. Kisha mwaka 1942 Tume ilituma karatasi ya maswali juu ya Jumapili ya Mashada kwa wenye kuiandikia habari kutoka pande zote za nchi, na wengi wao walikuwa walimu wa shule za vijijini. Máire MacNeill, aliyezaliwa mwaka 1904, binti wa Eoin MacNeill aliyekuwa profesa wa historia ya kale ya Ireland, alikuwa mtumishi wa Tume hiyo tangu mwanzo wake hata mwaka 1949. Majibu ya mwaka 1942 ndiyo msingi wa kitabu chake. Kwa hiyo twaweza kusema bila kutia chumvi kwamba kitabu hiki kilianza katika madarasa yenye sakafu za udongo na mbao, kwa mkono wa walimu ambao majina yao hayakuwekwa juu ya jalada.

Sifa ya kitabu ni kubwa, na twaitaja kabla ya lawama. Mwandishi hakumeza majibu akatutapikia muhtasari. Ameyapanga mahali kwa mahali: vilima kwa vilima, maziwa kwa maziwa, visima kwa visima, magulio kwa magulio, na kila mahali ametaja lililosemwa na aliyesema. Palipo na hadithi za aina moja amezipanga pamoja, ili msomaji azilinganishe kwa macho yake. Mwandishi wa namna hii ampa msomaji fimbo ya kumpigia mwenyewe, nao ndio uaminifu. Hakuna hata neno moja la lawama zetu lililotoka nje ya kitabu chake pasipo kwanza kitabu chenyewe kutuonyesha njia.

Lawama yenyewe ni hii. Mwishoni, baada ya ushuhuda wote, mwandishi ajaribu kuifufua sikukuu kamili kama ilivyokuwa, kwa dhana yake, kabla ya Ukristo. Humo twaona masuke ya kwanza yakikatwa na kupelekwa juu ya mlima, yakazikwa kuwa sadaka. Chakula kipya kikiliwa na kila mtu pamoja na matunda ya fraochán. Fahali mtakatifu akichinjwa, na mwingine mchanga akishika mahali pake. Kichwa kikisimamishwa juu ya kilima, na mtu aliyeigiza Lugh akikishangilia kwa ushindi. Tena mchezo mwingine ukionyesha njaa ikifungwa kama dubwana. Ni habari nzuri, yenye kuvuta moyo. Lakini tukiuliza: ni kilima gani, ni mwaka gani, na ni mzee gani aliyeyaona haya yote pamoja? Jibu ni kwamba hakuna. Fahali ametoka katika hadithi, kichwa kimetoka katika magofu, masuke yametoka katika desturi za mavuno, na matunda yametoka katika matembezi ya vijana. Hii ni kanzu iliyoshonwa kwa vitambaa vya nyumba mia. Kila kitambaa ni cha kweli, lakini kanzu hiyo hatujui mtu aliyepata kuivaa.

Pili, yako masafa ya miaka. Vitabu vya kale vyazungumza juu ya Tailtiu kuwa makutano ya wafalme, yenye mashindano ya farasi, biashara na mambo ya enzi. Mara ya mwisho kutajwa kwamba yalifanyika kwa fahari ya zamani ni mwaka 1168, katika enzi ya mfalme Ruaidrí Ua Conchobair. Kati ya mwaka huo na ushuhuda wa wakulima wa karne ya 19 zipo zaidi ya miaka 600, nayo ni miaka ya vita, ya kunyang'anywa mashamba, na ya lugha ya watu kurudi nyuma. Wafalme wa Tailtiu hawatajwi kwa vikapu vya fraochán, na vijana wa vilimani hawakuwa na habari ya wafalme. Tena mwaka 1958, miaka minne kabla ya kitabu hiki kutoka, D. A. Binchy, bingwa wa sheria za kale za Ireland, alikuwa amekwisha kuonyesha kwamba makutano ya Tailtiu yalikuwa ya ukoo wa Uí Néill na watu waliokuwa chini yao, wala si ya taifa zima kama ilivyodhaniwa. Wengine huvuka bahari wakafika hata mji wa Lyon huko Ufaransa, ulioitwa zamani Lugdunum, ambako Warumi waliweka wakfu madhabahu tarehe 1 Agosti mwaka 12 kabla ya Kristo. Lakini tarehe moja na jina lenye kufanana havitoshi kuwa daraja la kupitisha sikukuu nzima.

Tatu, nalo ndilo lituhusulo zaidi sisi tulio karibu na Kanisa, ni habari ya Patrick. Wazee waliposimulia juu ya mtu aliyemshinda Crom Dubh, walimtaja Patrick, au mtakatifu mwingine wa mahali pao. Jina la Lugh katika hadithi za vilimani ni nadra. Bibi MacNeill ashika kwamba mtakatifu ameingia mahali pa mungu: mzee asema Patrick, mwandishi asikia Lugh. Twaungama kwamba anayo hoja yenye nguvu. Sikukuu ya Patrick ni tarehe 17 Machi, na mfungo wa siku arobaini watukumbusha Kwaresima. Basi kwa nini watu waupande mlima wake mwisho wa Julai, kama si kwa sababu siku hiyo ilikuwa siku ya mavuno tangu zamani? Hoja hiyo twaikubali. Yathibitisha kwamba siku ni ya mavuno, na kwamba Kanisa liliikuta. Lakini haithibitishi kwamba kila tendo la Patrick katika hadithi ni tendo la Lugh lililovikwa joho la askofu. Maana kanuni hiyo ikikubaliwa haiwezi kushindwa kamwe: jina la Lugh likionekana, ni ushahidi, lisipoonekana, ni ushahidi kwamba limefichwa. Kesi yenye shahidi wa namna hiyo haina haja ya hakimu. Wahenga wetu walisema lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Katika elimu ya mila methali hiyo ni ya kuogopwa, kwa kuwa jambo lililosemwa na mtaalamu mara nyingi huja kweli, nalo halikuwapo.

Nne, viazi vyenyewe vyatufundisha. Viazi si mmea wa kale wa Ireland. Viliingia mwishoni mwa karne ya 16, vikawa chakula kikuu cha maskini baadaye. Mwandishi alijua jambo hilo, naye asema kwamba viazi viliingia mahali pa nafaka. Ni kweli. Lakini twaona hakulifuata jambo hilo hata mwisho wake. Mungu alisahauliwa, mfalme alisahauliwa, hata nafaka ilisahauliwa katika nyumba za maskini, lakini siku ikabaki imara, pamoja na aibu ya kuivunja. Kilichoishika ni nini, basi? Ni njaa ya Julai. Desturi haikudumu kama kisukuku ndani ya jiwe. Ilidumu kwa sababu kila mwaka ilikuwa na kazi ya kufanya: kumzuia mwenye pupa asichimbe mapema, na kumpa maskini siku ya kuitazamia. Anayetafuta asili yake katika vita vya miungu aweza kuipita sababu hii, nayo imeketi mezani pamoja na siagi.

Na hapa twafika penye upungufu mkubwa wa kitabu, kuliko hizo dhana. Kitabu chauliza kwa bidii siku ile ilianzaje, lakini hakiulizi kwa bidii hiyo hiyo ilikufaje. Nao ushuhuda wa kujibu umo ndani yake. Tukiyapanga makutano yale kwa mwisho wake, twayaona katika mafungu matatu. La kwanza ni yale yaliyokuwa na sala, kama Croagh Patrick, nayo yangali yapo. La pili ni yale yaliyokuwa na biashara, nayo mengine yangali yapo: huko Killorglin katika Kerry lipo gulio la Puck tarehe 10 hata 12 Agosti, ambapo beberu huvikwa taji na kuinuliwa juu ya jukwaa, na huko Ballycastle katika Antrim lipo gulio la Lammas mwisho wa Agosti, ambapo watu hununua mwani mkavu wa kula na peremende ya manjano. La tatu ni yale yasiyokuwa na padre wala mfanyabiashara, ila vijana, matunda na ngoma. Hayo, isipokuwa machache, yamekufa.

Sababu za kufa kwake si fumbo. Ugonjwa wa viazi ulipoingia mwaka 1845 na kuleta Njaa Kuu, watu wa Ireland, waliokuwa zaidi ya milioni 8 mwaka 1841, walipungua wakawa kama milioni 6 na nusu mwaka 1851, kwa kufa na kwa kuhama. Baadaye waliobaki walizoea unga wa dukani na mkate, na mpaka kati ya njaa na shibe ukafifia. Siku ikapoteza kazi yake. Vijana, waliokuwa ndio watu wa siku ile, walikwenda Marekani na Uingereza mwaka baada ya mwaka. Mapadre nao, hasa baada ya sinodi ya Thurles ya mwaka 1850, walikaza kamba ya nidhamu, wakakemea makutano yaliyokuwa na ulevi na mapigano ya fimbo. Hatuwalaumu kwa kukemea mapigano, kwa kuwa watu waliumia, na wengine walikufa. Lakini yafaa kuangalia tofauti: mlima ambao padre aliupanda pamoja na watu wake ungali una watu, na kilima alichokikemea akiwa bondeni kimebaki na kondoo tu. Mwisho ikaja baiskeli, likaja jumba la dansi, na mwaka 1935 ikaja sheria iliyoagiza kwamba dansi ya watu wote iwe na kibali cha hakimu. Kijana aliyeweza kwenda dansi mjini kila Jumapili hakuwa na haja ya kungoja Jumapili moja ya mwaka juu ya mawe.

Pengine msomaji atauliza: je, kuna hasara gani mtaalamu akidhani? Hasara ipo, nayo imekwisha kuonekana. Leo wako watu, katika Ireland na hata ng'ambo, wafanyao sherehe ya Lughnasa kila tarehe 1 Agosti kwa taratibu zilizochukuliwa vitabuni, wakisadiki kwamba wanarithi ibada za mababu. Kanzu ile iliyoshonwa na mwandishi imevaliwa na watu, na wavaaji wasema ni ya babu yao. Wakati huo huo babu aliyepo katika daftari, aliyesema wazi kwamba walikwenda kuchuma matunda na kutafuta wachumba, hasomwi na wengi, kwa kuwa neno lake ni dogo. Mtunga michezo Brian Friel alikuwa na hadhari zaidi. Katika mchezo wake Dancing at Lughnasa, ulioonyeshwa kwanza katika Abbey Theatre mjini Dublin mwaka 1990, wenye habari za dada watano katika Donegal mwaka 1936, sikukuu yenyewe haionekani hata mara moja. Yasikika kwa mbali tu, kwa uvumi wa mioto ya vilima vya nyuma, na dada hao hawaendi. Mwenye kutunga alijizuia pale ambapo mwenye kuchunguza hakujizuia.

Sasa tumrudie msichana wa Donegal na kikuku chake. Kwa nini alikiacha mlimani? Mwenye kupenda mambo ya kale ataona hapa sadaka ya malimbuko: tunda la kwanza limerudishwa kwa mwenye mlima. Huenda ni hivyo. Lakini mtu aliyelea mabinti aweza kudhani jambo jingine, kwamba msichana hakutaka mama yake akione kikuku na kuuliza ni kijana gani aliyempa. Sisi hatuna haki ya kumchagulia sababu. Tulicho nacho ni tendo: alikivaa, akakivua, akakiacha. Mwalimu aliyeliandika tendo hilo kama lilivyo, bila kuongeza sababu ya kwake, ametupa kitu ambacho hakitachakaa. Dhana za karne moja zitafutwa na dhana za karne nyingine, na kikuku kitabaki pale pale juu ya kilima.

Kwa hiyo twawashauri wasomaji wetu wakisome kitabu hiki, tena wakisome kwa mpango. Waanze na sura za vilima, za maziwa na za visima. Wasikilize sauti za watu. Wazilinganishe hadithi moja moja. Sura ya mwisho waiache hata siku watakapokuwa wamejifanyia maoni yao wenyewe, ndipo waisome kama wasomavyo hoja ya wakili mwenye akili sana. Na yeyote miongoni mwetu aandikaye desturi za mahali pake na afuate mfano wa yale madaftari ya watoto wa mwaka 1937: jina la mahali, mwaka, umri wa msemaji, na maneno yake kama alivyoyasema, kwa lugha aliyoyasema. Akiwa na dhana, na aiandike, lakini katika ukurasa wake peke yake, penye kichwa kisemacho kwamba ni dhana. Wazee waliojibu karatasi ya mwaka 1942 hawapo tena wa kuulizwa mara ya pili. Waliyoyasema tunayo, na kuyachanganya na yetu ni kuwanyima neno la mwisho katika habari zao wenyewe.